Nambari Kumi na Saba, Mtaa wa Chumvi

Ciakuthii alianza kusikia maisha yake mwenyewe akiwa bado kwenye ngazi.

Chuo alichofundisha Kijerumani kilikuwa orofa ya pili pale Makutano, juu ya duka la mabati na simenti, na zile ngazi zilikuwa na vumbi la simenti kila siku ya Mungu. Alikuwa ametoka Karurumo alfajiri, baada ya wiki tatu za kukaa nyumbani akiuguza jicho lililopasuliwa, na goti la kushoto lilikuwa linamsumbua kila akipandisha mguu. Akasimama katikati avute pumzi. Huko juu, sauti kumi na mbili zilikuwa zinatamka Kijerumani kwa pamoja, kwa ule mdundo wa watoto wa darasa la pili wakisema jedwali la kuzidisha. Nilikaa Mtaa wa Chumvi, nambari kumi na saba. Chini ya dirisha langu palikuwa na duka la dawa. Mwaka wa saba mama yangu alifariki.

Akajiambia hajasikia vizuri. Wakarudia tangu mwanzo, na mama yake akafariki tena.

Sasa, mtu asije akakudanganya kwamba Ciakuthii ni mama mpole. Alikaa Ujerumani miaka kumi na tisa akiwaogesha wazee wasio wake katika mji wa Altenbrück, na kama alikuwa na upole wowote, aliuacha huko. Alipanda ngazi zilizobaki kama goti si lake. Akasukuma mlango wa darasa, na wale vijana kumi na wawili wakainuka kwa adabu, kila mmoja na sweta mpya ya kijani ya chuo, kila mmoja na karatasi ya fotokopi mkononi.

"Habari ya asubuhi, Mwalimu," wakasema.

Alichukua karatasi ya yule wa karibu, kijana anayeitwa Bundi, akaisogeza kwenye jicho zima. Juu palikuwa na nembo ya chuo. Chini ya nembo palikuwa na maneno yake yeye, yamepigwa chapa vizuri.

Maneno hayo alikuwa ameyaandika kwa mkono, kurasa tatu, na alimpa mtu mmoja tu. Alimpa Lydiah. Huyu Lydiah ni muuguzi wa siku nyingi, na si mtoto kama hawa wengine. Anatoka Karurumo, wanasali kanisa moja, na nje ya darasa humwita Ciakuthii tata, kama anavyowaita shangazi zake. Alikuwa na cheti cha uuguzi na miaka sita ya kuajiriwa miezi mitatu mitatu kwenye zahanati, kisha kuambiwa asubiri kuitwa. Ile hospitali ya Altenbrück iliyotaka wauguzi watano kutoka Meru na Embu ilikuwa imesema wazi kwamba haichukui aliyetimiza miaka thelathini na mitano. Lydiah alikuwa anaitimiza mwezi wa tatu. Hii ilikuwa nafasi yake ya mwisho, na hakuna chuoni ambaye hakulijua hilo.

"Tata, hawa watu wakiniuliza juu ya mji wao nitasema nini?" alikuwa amemuuliza kabla ya lile jicho kupasuliwa. "Sijawahi kuuona."

Ndipo Ciakuthii akaketi na kalamu. Aliandika jinsi Mtaa wa Chumvi unavyoanza kwenye lango la mawe lililobaki peke yake baada ya ukuta wa mji kubomolewa. Aliandika kwamba mikokoteni ya chumvi ilipita pale miaka mia nne, mpaka magurudumu yakachimba mifereji miwili kwenye jiwe la kizingiti, na mvua ikinyesha njiwa huja kunywa humo. Aliandika juu ya jumba la halmashauri na saa yake iliyokwenda mbele dakika tatu bila mtu kuthubutu kuirekebisha, kwa kuwa mji mzima ulikuwa umeshaizoea. Kisha kanisa. Kanisa lilikuwa na minara miwili, bomu la vita likaangusha mmoja, na watu wa mji wakakataa kuujenga tena. Walitaka wajukuu wao waulize ulikwenda wapi.

Akaandika pia juu ya vibao vinne vya shaba, vidogo, vilivyozamishwa kwenye mawe ya njia mbele ya mlango wa nambari kumi na saba. Vilikuwa na majina ya watu wa familia ya Herzfeld, baba, mama na wasichana wawili, waliotolewa katika nyumba ile mwaka wa 1942 wakapelekwa kuuawa kwa sababu walikuwa Wayahudi. Jirani yake wa mlango wa pili, bibi aliyeitwa Frau Behnke, alikuwa anapiga magoti pale kila Novemba na kitambaa, anavisugua mpaka ving'ae. Frau Behnke alikuwa na miaka minane siku ile. Alikuwa amezoea kucheza na yule msichana mdogo.

Na kwa kuwa kalamu ilikuwa imeshika moto, Ciakuthii akajikuta anaandika habari zake mwenyewe. Aliandika kibanda cha simu kilichokuwa kando ya kisima cha bata wa mawe, alikopigia kaka yake Njoka simu kila Jumapili. Jumapili moja Njoka akamwambia mama amefariki, mazishi ni Jumamosi. Aliandika kwamba alipanda ndege, akafika Karurumo, akamzika mama yake kwa mikono yake, akarudi kazini. Akaikunja karatasi, akampa Lydiah, akamwambia asome aone jinsi mtu anavyosimulia mahali anapopajua, kisha airudishe.

Sasa ilikuwa mikononi mwa watu kumi na wawili.

"Nani amefanya hii kazi?" Ciakuthii aliuliza. Vijana wakatazama sakafu. Lydiah, aliyekuwa kiti cha mwisho kando ya dirisha, alikuwa ameshaweka mikono usoni.

Mkurugenzi wa chuo, Bwana Mithika, aliingia akiwa na simu sikioni na tai ya kitenge shingoni. Alipomwona akakata simu, akatabasamu hadi ufizi.

"Mwalimu, karibu sana. Jicho linaendeleaje?"

"Jicho linaona. Limeona hii."

"Aa, hiyo!" Mithika akamshika mkono kama anayepokea pongezi. "Mwalimu, hiyo kitu ni moto. Makandi wa darasa hili aliipiga picha akaniletea, nikasema hapa ndipo tulikuwa tunakosea. Tumekuwa tunafundisha sarufi, sarufi, na watu wanataka kusikia mtu anayeujua mji wao. Kwa wiki tatu wameimeza yote. Usingizini wanaisema."

"Mithika, hawa watoto wana miaka ishirini na mbili. Wamekaaje Altenbrück miaka kumi na tisa?"

"Hiyo tulibadilisha. Tuliweka miwili."

"Na mama yao amekufa mwaka wa saba."

Mithika akaichukua karatasi, akaisoma, midomo ikichezacheza. "Hawa watu hawaangalii vitu vidogo hivyo," akasema.

Hasira ilimpanda Ciakuthii. Alikuwa ameona kitu kingine. Alipitisha kidole kwenye ile karatasi mara mbili. "Familia ya Herzfeld wako wapi?"

"Wale wa vibao? Nilitoa. Unajua ile ni historia ya aibu kwao, inaweza kuwaudhi. Hii ya mama nikaiacha kwa sababu inagusa."

"Inagusa."

"Inagusa sana. Kiende akiisema hata mimi nalia." Akashusha sauti, akamvuta kando. "Mwalimu, usijifanye mgeni. Wewe shuleni hukukariri insha? Mimi darasa la nane niliandika ajali ya barabarani, damu kila mahali, na sikuwa nimewahi kuona ajali. Nilipata thelathini na sita kwa arobaini. Sisi wote tumepita hivyo. Maana yake? Watajijulia wakifika huko."

"Ondoa mama yangu humo."

"Imebaki dakika arobaini wahojiwe, Mwalimu. Nikiondoa mama, watabaki na nini?"

Hilo ndilo lilimchoma zaidi, kwa sababu lilikuwa kweli. Aliwageukia, akawauliza kwa Kijerumani cha polepole, cha wiki ya kwanza: mmekunywa chai leo? Bundi akatabasamu, akajibu kwamba chini ya dirisha lake palikuwa na duka la dawa. Ciakuthii akatoka nje kabla hajarusha kitu.

Lydiah alimfuata barazani. Chini yao lori lilikuwa linarudi nyuma kushusha mabati, na utingo anagonga ubavu wake, ikabidi wasemezane karibu karibu.

"Tata, nisamehe. Makandi aliniomba aisome tu jioni moja."

"Ulipoona imetoka fotokopi ulisema nini?"

"Nilinyamaza. Mkurugenzi alisema atakayeleta shida jina lake linatoka kwenye orodha. Na wewe ulikuwa nyumbani na jicho lako."

"Ulinyamaza," Ciakuthii akasema. "Mama yangu anatembezwa Makutano kama karanga, na wewe umenyamaza." Alimwona anavyoumia, na hakujali. "Leo utawaambia nini?"

"Nitasema yangu. Hicho kidogo nilicho nacho. Ndiyo maana ameniweka wa mwisho, anasema mimi haieleweki nitasema nini."

Saa nne kamili, Frau Albers wa hospitali ya Altenbrück akatokea kwa video kwenye ukuta, mkubwa kuliko mlango, mama wa nywele fupi za mvi. Kando yake alikuwa kijana wa kiume wa kuandika. Mithika alikuwa amewapanga wanafunzi wote mbele ya kamera, safu tatu za sweta za kijani, ili waonekane ni chuo kikubwa. Ciakuthii aliketi pembeni, kwenye stuli ya plastiki. Alikuwa ameambiwa na Mithika, kwa sauti ya kubembeleza, kwamba asikilize tu.

Wa kwanza alikuwa Bundi. Frau Albers alimuuliza kwa nini anataka kufanya kazi Altenbrück. Bundi akavuta pumzi kama mtu anayeingia mtoni, akaeleza alivyokaa Mtaa wa Chumvi nambari kumi na saba. Frau Albers akainua kichwa. Alionekana amefurahi, hata akamgusa mwenzake begani. Akauliza kama ile saa ya halmashauri bado ilikuwa mbele siku hizo. Bundi akajibu kwamba mwaka wa saba mama yake alifariki.

"Pole sana," Frau Albers akasema.

Akaja Makandi. Naye alikuwa amekaa nambari kumi na saba. Naye alipiga simu kando ya bata wa mawe, naye akapanda ndege kwenda kuzika. Akaja Nthiga, kijana wa misuli, aliyesema yote kwa pumzi moja akasahau kuzika, kisha akarudi kuzika. Frau Albers alikuwa ameacha kuandika. Wa nne aliposema duka la dawa, yule kijana wa kuandika alifunika mdomo, mabega yakamtikisika. Wa tano alikuwa Kiende. Kiende alilia machozi ya kweli, na yule kijana wa kuandika akashindwa kabisa, akacheka wazi.

Frau Albers hakucheka. Aliweka kalamu chini.

"Imetosha," alisema. "Bwana Mithika, nashukuru kwa muda wenu. Huyu mama ameshakufa mara tano asubuhi moja. Sina haja ya kumsikia mara ya sita."

Mithika aliyekuwa anaelewa neno moja kati ya kumi akainama kwa heshima. "Danke, danke," akashukuru, na akamfanyia ishara wa sita asimame.

Ciakuthii alimtazama Lydiah kule nyuma. Lydiah alikuwa ameelewa. Alikuwa amekaa wima, mikono kwenye mapaja, anaitazama picha ya ukutani kama mtu anayetazama gari lililomwacha. Hakuna aliyemsikiliza hata neno moja, na walikuwa wanamfungia mlango pamoja na hawa. Basi hapo ndipo Ciakuthii aliposimama. Hakumwomba Mithika ruhusa. Alisimama mbele ya kamera, karibu mno, mpaka uso wake ukajaa kile kioo chote cha Wajerumani.

"Yule mama ni wangu," alisema kwa Kijerumani. "Nambari kumi na saba nilikaa mimi, toka mwaka wa themanini na tisa. Maneno yale ni yangu, na yameibwa. Wewe unakasirika kwa kudanganywa nusu saa. Mimi nimeingia hapa leo nikakuta mama yangu amefanywa mtihani. Usinionyeshe hasira, ya kwangu inanitosha."

Frau Albers akauliza, taratibu, "Mbele ya nambari kumi na saba kuna nini?"

"Familia ya Herzfeld. Wanne. Frau Behnke alikuwa anawasugua."

"Frau Behnke alifariki miaka minne iliyopita," alisema yule mama, na sauti yake ilikuwa imebadilika. "Siku hizi wanasugua wanafunzi wa shule." Akavua miwani. "Nakuomba radhi. Na pole kwa mama yako. Angalau uliwahi kumzika."

Lilikuwa neno jema, na mtu mwingine angelipokea akaketi. Hata yeye alikuwa ameshafungua mdomo aseme ahsante. Lakini watu watano walikuwa wametoka kusimama hapo hapo wakamwambia mama huyu uongo juu ya yale mazishi, na yeye ndiye aliyewaandikia. Angekubali, angekuwa wa sita, na wa sita ndiye angekuwa mbaya kuliko wote kwa sababu yeye alijua Kijerumani.

"Sikuwahi," alisema. "Hilo nililiandika kwa sababu nilitaka kulisoma likiwa limeandikwa. Karatasi zangu za kuishi zilikuwa ofisini kwenu, na nikitoka nisingeruhusiwa kurudi. Walimzika bila mimi. Jumamosi hiyo nilikuwa zamu ya asubuhi. Wakati wanamteremsha kaburini, mimi nilikuwa ninamwogesha mama wa mtu mwingine. Nilimwogesha vizuri, nikampaka mafuta, nikamchana nywele. Nikalipwa kwa hiyo, na nikaenda tena Jumapili."

Bundi, aliyeona hotuba imeisha vizuri, akapiga makofi. Makandi naye akapiga, na safu ya pili ikadakia, na Mithika akapiga kuliko wote, akitabasamu kwa kamera, anatikisa kichwa kwa fahari kama siku ya mahafali. Ciakuthii alisimama katikati ya makofi yale. Hajawahi, kabla ya hapo wala baadaye, kutaka kumpiga mtu kofi kama alivyotaka wakati ule, na hakujua aanzie kwa nani.

"Wewe wa nyuma," Frau Albers alisema. "Kando ya dirisha. Mbona hupigi makofi?"

Lydiah alikuwa amesimama bila mtu kumwambia. Uso ulikuwa umelowa. Makofi yakafifia, vijana wakageuka kutazama ni nani anayeharibu mambo.

"Si jambo la kupigia makofi," Lydiah alijibu. Kijerumani chake kilikuwa cha kokoto, kinajikwaa, lakini kilikuwa chake. "Hawajaelewa. Mwalimu anasema hakumzika mama yake. Anasema siku hiyo alimwogesha mama wa mwingine."

Akamtazama Ciakuthii. Alikuwa amelisema mbele ya watu, jambo ambalo kule Karurumo watu walikuwa wamelikalia kimya toka mwaka wa tisini na sita. Ciakuthii akamwonyesha kwa kichwa aendelee.

"Anasema alimwogesha vizuri," Lydiah akamaliza.

"Amesema nini huyu?" Mithika alimnong'oneza Makandi, na Makandi akainua mabega.

Frau Albers alikuwa ameshika kalamu tena. Akauliza jina la Lydiah, kisha akamwomba alitaje herufi moja moja, akaliandika. Akamuuliza ameuguza miaka mingapi, Lydiah akasema sita. Akamuuliza kama ana mama.

"Ninaye. Yuko Karurumo. Ana ugonjwa wa sukari, na mguu mmoja umeshaanza kuoza kidole."

"Umesikia alichosema mwalimu wako. Karatasi bado ni zile zile, ofisi ni ile ile. Bado unataka kuja?"

"Nataka," Lydiah akasema.

Hakumeza hata mate. Ciakuthii akamkasirikia kwa wepesi wa jibu lile, akamkasirikia kuliko alivyomkasirikia Mithika asubuhi yote. Kwa maana angeulizwa yeye kama bado anataka kubaki, Jumapili ile ya Njoka, simu ikiwa bado mkononi, angejibu neno hilo hilo, na upesi huo huo.